Rivolva ya fataki inapogoma: dalili, chanzo, na namna ya kuifungua na kuisafisha kwa usalama

Rivolva za mtindo wa zamani, zile zinazoshindiliwa baruti na risasi ya mviringo kwa mbele kisha zikavishwa fataki (vikombe vidogo vinavyolipuka na kuwasha baruti) kwa nyuma, hazikosi kugoma. Silinda inakataa kuzunguka. Nyundo haishuki mpaka mwisho. Fataki inalia lakini baruti haiwaki. Wengi wakiona hivyo hukimbilia tupa, au huagiza kipuri kipya kabla hawajajua kibovu ni kipi. Mimi nasema: anza na maji. Matatizo mengi ya silaha hizi yanatokana na uchafu wa baruti uliojikusanya mahali fulani, na kazi yako ni kujua umejikusanya wapi.

Silaha ninazozizungumzia ni nakala zinazotengenezwa Italia, mkoa wa Brescia, na viwanda kama Uberti na Pietta. Wanaiga Colt Navy ya 1851, Colt Army ya 1860, na ile Remington iliyotumika katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, ambayo watu huiita "1858" kwa sababu ya tarehe ya hataza iliyopigwa chapa juu ya mtutu. Waswahili wanaoishi Marekani hukutana nazo kwenye viwanja vya shabaha, na aliyekulia vijijini Tanzania akiona magobori hatapata shida kuzielewa: baruti ni ileile, fataki ni ileile, mdeki ni uleule.

Kuhusu sheria, sheria ya shirikisho ya Marekani ya 1968 inazitenga silaha za kale (zilizotengenezwa mwaka 1898 au kabla) pamoja na nakala nyingi za aina hii na silaha za kisasa, lakini majimbo yana sheria zake. New Jersey, kwa mfano, inadai kibali. Aliye Kenya au Tanzania asidhani kwamba uzee wa silaha unamwondolea haja ya leseni. Aende polisi kwanza, hata kama ni ya urithi na haijapigwa tangu enzi za babu.

KABLA YA KUSHIKA BISIBISI

Kwanza hakikisha haina kitu. Kwa rivolva ya fataki hili halifanywi kwa kutupia jicho tu. Mtutu uelekee mahali ambapo risasi ikitoka haitamdhuru mtu, kidole kikae mbali na kifyatulio, kisha angalia nyuma ya silinda: kuna fataki juu ya chuchu, yaani vile vijibomba vidogo vinavyovishwa fataki? Kama zipo, hiyo silaha ichukulie kuwa ina shehena na iko tayari kulipuka.

Hata kama chuchu ziko wazi, pima chemba zote (matundu ya silinda yanayoshika baruti na risasi), moja baada ya nyingine. Chukua kijiti chembamba cha mbao, kiingize kutoka mbele mpaka kigote, kitie alama kwa kalamu pale kilipoishia mdomoni, halafu kiweke ubavuni mwa silinda. Chemba tupu itakuonyesha kijiti kimefika karibu na mzizi wa chuchu. Kikiishia mapema, ndani kuna kitu: huenda ni risasi na baruti, huenda ni grisi iliyoganda, huenda ni kiota cha mdudu. Mpaka ujue, ni shehena. Mtutu nao upime vivyo hivyo, maana risasi inaweza kukwama humo.

Ninalisisitiza hili kwa sababu baruti nyeusi haizeeki ikiwa kavu. Silaha iliyolala kabatini miaka mia inaweza kuwa na shehena hai. Na ikiloweshwa maji haifi moja kwa moja: ikikauka inaweza kuwaka tena. Kwa hiyo baruti iliyolowa itolewe yote na kuoshwa, isiachwe humo "kwa kuwa imeshalowa". Silaha ya kale halisi yenye shehena, na hasa yenye fataki zake za zamani, usiifungue mwenyewe. Iache ilipo, zuia watu wasiiguse, na mwite fundi wa silaha aje. Wala usijaribu kutoboa risasi kwa keekee. Watu wameumia kwa kufanya hivyo.

Vaa miwani ya kukinga macho. Ondoa mezani baruti, fataki na sigara. Utahitaji bisibisi zenye ncha inayojaa vizuri kwenye ufa wa skrubu (bisibisi ya kawaida ya nyumbani ina ncha iliyochongoka kama kabari, hupanda juu na kula kichwa cha skrubu), spana ya chuchu, nyundo ndogo ya plastiki au mbao, brashi ya shaba, mdeki, vitambaa vya pamba, beseni la maji, spiriti na mafuta.

SILINDA INAKUWA NZITO BAADA YA RISASI KUMI NA KITU

Hii ndiyo dalili inayosumbua zaidi, na ina vyanzo visivyopungua vinne. Usikisie. Ikoki nusu, yaani vuta nyundo nyuma mpaka kituo chake cha kati, ambapo silinda huwa huru, uizungushe polepole kwa vidole, ukihisi.

Ikiwa nzito mzunguko mzima, tatizo liko katikati, kwenye mhimili ambao silinda inauzungukia. Baruti nyeusi ni takriban asilimia 75 shura ya potasiamu, 15 makaa na 10 kiberiti, na ikiwaka zaidi ya nusu ya uzito wake hubaki kama yabisi: masizi yaliyochanganyika na chumvi. Moshi huo hupenya kwenye nafasi iliyopo kati ya silinda na mtutu, ukaganda juu ya mhimili kama ukoko chini ya sufuria ya wali. Colt ina mhimili mnene wenye mifuo ya kushika grisi, ndiyo maana huvumilia zaidi. Pini ya Remington ni nyembamba na laini, haina pa kuweka akiba ya grisi, kwa hiyo hugoma mapema. Mwenye Remington nampa ushauri mmoja tu: kila baada ya mizunguko michache, silaha ikiwa tupu, toa silinda, futa pini kwa kitambaa kilicholowa, paka grisi ya nta ya nyuki na shahamu au mafuta ya zeituni, rudisha. Inachukua muda mfupi kuliko kulalamika.

Ikiwa nzito sehemu moja tu ya mzunguko, tafuta kwenye chuchu. Moja imelegea na kurudi nyuma, au fataki moja haijakaa vizuri na kichwa chake kinasugua fremu. Weka alama ya kalamu kwenye chemba inayogoma, zungusha tena; alama ikirudi palepale, umempata mwizi wako.

Ikiwa nzito hata kabla hujapiga risasi ya kwanza, na silaha ni Colt, tazama kabari. Mtutu wa Colt haukufungwa kwa skrubu kwenye fremu. Unashikwa na kabari ya chuma inayopita ubavuni na kuchoma mhimili. Ukiipiga kabari mpaka mwisho, mtutu unavutwa nyuma ukaibana silinda. Irudishe nje kidogo. Silinda ikiwa huru, hapo ndipo pake. Nafasi kati ya mtutu na silinda inatakiwa iwe karibu milimita 0.1 hadi 0.25, yaani uone mwanga mwembamba ukiielekeza dirishani.

Nakala kadhaa zina kasoro ya kiwandani inayofanana na hiyo: mhimili ni mfupi, haufiki mwisho wa tundu lake ndani ya mtutu. Kila ukikaza kabari mtutu unainama na nafasi inabadilika, leo nzito, kesho nyepesi. Fundi wa silaha huweka kipande cha chuma mwisho wa tundu, na tatizo likaisha kabisa. Ni kazi ndogo, lakini inataka vipimo, kwa hiyo mpe anayeweza.

Chanzo cha nne ni kipande cha fataki, nacho kinastahili maelezo yake.

NYUNDO HAISHUKI MPAKA MWISHO, AU INAKWAMA KATIKATI

Fataki ni kikombe kidogo cha shaba. Ikilipuka hupasuka, na gesi inayorudi nyuma kupitia tundu la chuchu huiinua nyundo kidogo. Hapo kipande cha shaba hung'ang'ania uso wa nyundo, kikabebwa nayo wakati wa kukoki, kisha kikaangukia kwenye mfereji ambamo nyundo inapita. Nyundo ikishuka inakikanyaga. Fataki inayofuata hailipuki kwa kuwa pigo halifiki.

Wapigaji wa zamani walikuwa wakikoki huku mtutu umeelekezwa juu ili vipande vidondoke nje. Siku hizi viwanja vingi vya shabaha vinakataza mtutu kupanda juu ya ukuta wa shabaha, kwa hiyo fuata sheria ya uwanja wako. Kinachosaidia kweli ni fataki inayokaa barabara. Zinauzwa kwa namba, hasa 10 na 11, na chuchu ya kiwandani inaweza kupenda moja ikaikataa nyingine. Iliyolegea huanguka na kuingia kwenye mtambo. Iliyobana haifiki chini. Tundu la chuchu likiwa limetanuka kwa matumizi, gesi nyingi zaidi inarudi nyuma na tatizo linaongezeka. Hapo badilisha chuchu zote sita kwa pamoja.

Kipande kikizama chini zaidi, kwenye mtambo wenyewe, utasikia mkwaruzo na nyundo itakuwa nzito kwa namna isiyo ya masizi. Hakuna kulazimisha. Utalazimika kufungua kinga ya kifyatulio (ile pete inayokizunguka) na kukitoa kipande kwa koleo ndogo, kwa utaratibu nitakaoueleza.

FATAKI INALIA, BARUTI HAIWAKI

Kwanza kabisa: mtutu ubaki umeelekea shabaha, uhesabu angalau dakika moja. Baruti inaweza kuchelewa kuwaka.

Chanzo cha kawaida ni usafi uliopita kiasi: mafuta. Mtu ameisafisha silaha vizuri, akajaza mafuta kila tundu, akaiweka. Siku ya kupiga, mafuta yaliyobaki ndani ya chuchu na chini ya chemba yanailowesha baruti. Kabla ya kushindilia, pitisha kitambaa kilicholowa spiriti kidogo ndani ya kila chemba, halafu piga fataki moja tupu kwenye kila chuchu huku mtutu ukielekea jani au kipande cha karatasi chini, kwenye uwanja wa shabaha. Karatasi ikitikisika, njia iko wazi. Isipotikisika, chuchu imeziba. Ifungue, ipitishe waya mwembamba.

Kama fataki yenyewe hailipuki kwa pigo la kwanza ila kwa la pili, maana yake pigo la kwanza limetumika kuisukuma ikae. Huenda chuchu imebutuka kichwa kwa sababu ya nyundo kuachiwa ovyo bila fataki. Usifyatue silaha hizi zikiwa tupu kwa mchezo. Kila pigo ni chuma juu ya chuma. Kwa Remington, angalia pia ile skrubu iliyo mbele ya mpini inayokaza springi kuu. Ikilegea, nyundo inakuwa goigoi.

KABARI AU CHUCHU HAIFUNGUKI

Kufungua Colt: koki nusu, kisha isukume kabari kutoka kulia kwenda kushoto, ukibonyeza kwanza kile kijiulimi cha springi kinachochungulia upande wa kulia. Ikikataa, igonge kwa nyundo ya plastiki, ukiweka kipande cha shaba au mbao ngumu katikati. Iking'ang'ania, tia mafuta ya kupenyeza, iache usiku kucha. Haina haja ya kutoka kabisa. Skrubu iliyo ubavuni ipo ili isipotee. Mtutu nao ukigoma kutoka, zungusha silinda ili kichwa cha wenzo wa kushindilia kikutane na ukuta ulio kati ya chemba mbili, kisha vuta wenzo: utausukuma mtutu mbele wenyewe, bila kugongagonga.

Remington ni rahisi: koki nusu, shusha wenzo, vuta pini mbele, silinda inatokea ubavuni.

Chuchu zilizoganda ni jambo jingine. Chumvi za baruti zimeingia kwenye nyuzi na kushikana na chuma. Ukitumia koleo utaikata chuchu na kuacha mzizi ndani, na hapo gharama inaanza. Loweka silinda kwenye mafuta ya kupenyeza siku moja au mbili, kisha itumbukize kwenye maji ya moto sana ili chuma kitanuke, ifute, na ujaribu kwa spana inayojaa vizuri. Rudia kwa subira. Ukizirudisha, paka nyuzi grisi kidogo ya shaba, kaza kwa vidole na robo ya nguvu. Ukifanya hivyo kila mara hutakutana tena na tatizo hili.

KUTU INARUDI SIKU YA PILI BAADA YA KUSAFISHA

Umeosha, umekausha, umepaka mafuta, na asubuhi kitambaa kinatoka na rangi ya kahawia. Karibu kila mara sababu ni moja: ulipaka mafuta juu ya chumvi. Mabaki ya baruti yana chumvi za potasiamu zinazovuta unyevu kutoka hewani, na mafuta ya mashine hayaziyeyushi. Yanazifunika tu, zikaendelea kula chuma chini kwa chini. Maji ndiyo yanayoziyeyusha. Wanaotumia baruti mbadala kama Pyrodex wasijidanganye kwamba wamesalimika. Ina pakloreti, na mabaki yake ni kloridi ambayo ni kali kwa chuma. Nayo inataka maji, siku hiyohiyo.

Namna ninayoiamini: ondoa vibao vya mpini kwanza, viweke pakavu. Tumbukiza mtutu na silinda (chuchu zimefunguliwa) kwenye maji vuguvugu yenye tone la sabuni ya vyombo. Sugua mtutu kwa brashi, kisha kitambaa baada ya kitambaa, mpaka maji yatoke meupe. Kila chemba ipate zamu yake, na nyuzi za chuchu zisisahaulike. Suuza kwa maji masafi. Kausha kwa kitambaa, pitisha spiriti ili ifukuze maji yaliyojificha, acha dakika chache mahali penye joto, kisha mafuta mepesi.

Wapo wanaoshikilia maji yanayochemka kwa kuwa chuma hujikausha chenyewe. Ni kweli hukauka haraka, lakini palepale unaona utando mwekundu wa kutu ukijitandaza ndani ya mtutu kabla hujafikisha mafuta. Vuguvugu linatosha.

Kesho yake pitisha kitambaa kipya. Kikitoka cheupe, funga. Kikitoka cha kahawia, rudia kuanzia kwenye maji, si kwenye mafuta. Anayeishi kwenye joto la unyevu, kama Houston, aangalie tena baada ya wiki.

Fremu za shaba ya njano zina tahadhari zake. Usiziloweke kwenye kisafishio chenye amonia, inaidhuru shaba. Na kama nafasi kati ya silinda na mtutu imeongezeka mwaka hadi mwaka kwenye fremu ya aina hiyo, huo si uchafu. Shaba imetanuka kwa kushindiliwa baruti nyingi. Hakuna kusafisha kutakakoirudisha, na kuendelea kuipiga si salama.

KUFUNGUA MTAMBO WA NDANI

Hili halihitajiki kila mara. Kwa anayepiga mara kwa mara, mara chache kwa mwaka zinatosha, au pale kipande cha fataki kinapoingia.

Piga picha kila hatua kwa simu, na uweke skrubu kwenye karatasi uliyochora umbo la silaha, kila moja mahali pake, kwa sababu zinafanana bila kulingana. Legeza springi kuu kabla ya kugusa mtambo wenyewe; ikiwa imekazwa inaweza kukuruka. Kwa Colt, toa fremu ya nyuma ya mpini ili uifikie springi hiyo na kuilegeza, kisha kinga ya kifyatulio, halafu ile springi bapa yenye miguu miwili, kifyatulio, komeo la silinda, na mwisho nyundo ikiwa na kidole kinachoizungusha silinda. Nyundo itelezeshe chini taratibu ili usikivunje kidole hicho. Springi yake ni nyembamba kama wembe.

Ukiwa ndani, itazame ile springi bapa chini ya taa. Huvunjika mguu mmoja, na dalili zake ni silinda kupitiliza chemba au kifyatulio kulegea. Ni kipuri cha bei ndogo, kibadilishe. Lakini ukiona nyundo inateleza kutoka kwenye koki nusu au koki kamili, meno yake yamekwisha. Usiyaguse kwa tupa wala msasa. Ngozi ngumu ya chuma hapo ni nyembamba. Ukiipitisha tupa unaiondoa, na silaha itafyatuka yenyewe mkononi mwa mtu. Hiyo inakwenda kwa fundi, na mpaka arudishe, haitiwi baruti.

Ukimaliza kuifunga, koki polepole ukiwa umeizuia nyundo kwa kidole gumba, sikiliza komeo likidondoka kwenye tundu la kila chemba, zote sita. Chemba moja ikikaa kombo mbele ya mtutu, fungua tena.

KAMA NI YA KALE HALISI

Hapa nabadilisha ushauri karibu wote. Colt ya karne ya 19 haioshwi beseni, haisuguliwi kwa sufi ya chuma, wala haing'arishwi. Ile rangi ya kahawia iliyokolea ndiyo historia yake na ndiyo thamani yake. Mnunuzi makini akiona imeng'arishwa hupunguza bei papo hapo. Skrubu zisizofunguka ziache. Futa vumbi kwa brashi laini, paka mafuta kidogo mno kwa kitambaa, au nta ya aina ya Renaissance Wax, ambayo ilibuniwa British Museum kwa ajili ya vitu vya kale. Ishike kwa glavu za pamba, maana jasho la vidole lina chumvi. Na usiipige, chuma chake hakuna anayejua kimepitia nini. Ukitaka kupiga, ipo nakala.